Herufi Mbili za Mama Vioo

Jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa kwenye cheti cha kuzaliwa na kwenye vichwa vya watu wawili watatu waliobaki wa rika lake. Wengine wote walimwita Mama Vioo, naye akaitika, maana kazi ndiyo iliyombatiza. Kila Jumanne na kila Ijumaa, kwa miaka thelathini na mmoja, alipanda bega la mlima na kikapu mkononi. Ndani ya kikapu mlikuwa na utepe wa kupimia, nyundo, saruji kidogo kwenye mfuko, chupa ya maji, na vipande vya kioo vyembamba, kila kimoja upana wa vidole viwili.

Mlima wenyewe ulikuwa volkano, mkubwa kuliko kisiwa kizima ungesema, kwa sababu kisiwa kilikuwa ndio huo mlima na sketi yake tu. Upande wa magharibi, juu kabisa, ardhi ilikuwa imepasuka mpasuko mrefu wa mwendo wa saa nzima kwa miguu. Huo ndio ulioitwa Ufa. Mama Vioo aliuvuka mahali kumi na nne, na kila mahali alikuwa amebandika kipande cha kioo kwa saruji, kichwa huku na mguu kule. Utepe unaweza kudanganya mkono ukilegea. Kioo hakina mchezo huo. Ardhi ikisogea unene wa ukucha, kinakatika. Akikuta kimekatika anapima, anaandika, anabandika kingine, anakipa namba kwa rangi nyekundu, anasonga mbele.

Aliandika kwenye daftari kubwa la jalada gumu, kwa mwandiko wa darasa la saba ambao wenye shahada kwenye kituo cha kupimia mlima hawakuwa nao. Darasa la tano alifundishwa na mwalimu asiyekuwa na mzaha na fimbo, na kitu alichokazia kuliko vyote ni upatanisho: neno likianza hivi, kitendo kiitike hivi. Mama Vioo aliubeba upatanisho ule maisha yake yote kama wengine wanavyobeba hirizi. Mtaalamu wa kituo, kijana msomi aliyeletwa kutoka mji mkuu, siku ya kwanza tu alisema, "Naona ufa imepanuka."

"Umepanuka, mwanangu," alimjibu bila kuinua macho. "Ufa umepanuka. Mlima tumeupima vizuri, tusije tukauaibisha kwa maneno."

Tangu siku hiyo wakapendana.

Hadithi ya wimbi ililetwa na wageni, zamani, binti yake akiwa bado anasoma. Walikuja mabwana wawili, wakakusanya watu kwenye ukumbi wa shule. Wa kwanza aliomba beseni la maji na mche mzima wa sabuni. Akaubwaga wote kwa mkupuo, maji yakaruka yakamlowesha mwenyekiti wa mtaa suruali, watu wakacheka. Halafu akasema kwamba upande wote ule wa magharibi, kuanzia kwenye Ufa hadi baharini, siku moja unaweza kuteleza kama mche ule, mara moja, kipande kimoja. Bahari itainuka. Wimbi litakimbia kwa kasi ya ndege, litavuka bahari kuu yote, na watu wa nchi ambazo hata jina la kisiwa hiki hawajawahi kulisikia watasombwa huku wanakunywa chai.

Bwana wa pili akasimama, akaukata mche ule vipande kwa kisu, akavidondosha kimoja kimoja. Maji yakatikisika tu. Milima, alisema, haianguki kama sabuni ya dukani. Inabomoka vipandevipande, leo kidogo kesho kidogo, na wimbi la kipande linafia njiani. Wakabishana mpaka mate yakaruka. Mama Vioo alikaa nyuma na kikapu chake mapajani, akawaza kwamba wote wawili wanaugombania Ufa wake na hakuna hata mmoja aliyefika kioo cha pili.

Kwa miaka mingi yule wa kwanza ndiye aliyesikilizwa, kwa sababu hofu ina masikio makubwa. Nchi za ng'ambo zikaleta mitambo, ving'ora, barabara ya lami hadi kituoni. Na mwisho ukaja mpango wenyewe: kuwahamisha watu wote wa Mtaa wa Chini, ule uliobanwa kati ya jabali na bandari, chini kabisa ya Ufa, kuwapeleka Uwandani, upande wa pili wa kisiwa. Nyumba zilikuwa zimeshajengwa. Barua zilikuwa zimeshagawiwa. Malori yangekuja Jumatatu ya wiki ya tatu ya mwezi.

Mtaa wa Chini ndiko alikokaa binti yake wa pekee, dobi, mwenye mikono iliyochubuliwa na sabuni na ulimi uliochubua kidogo pia. Mumewe alikuwa baharia wa meli za mizigo, wa kuonekana mara mbili kwa mwaka. Walikuwa na mtoto mmoja wa kike, wa miaka sita. Nyumba ya pili kutoka kwake alikaa bibi mmoja ambaye mtaa mzima ulimwita Jirani, na ndiye aliyemlea huyo dobi kila Jumanne na kila Ijumaa, mama mtu akiwa mlimani. Mtaa wote ulipeleka nguo kwa dobi isipokuwa Jirani na wachache wa aina yake.

"Mimi?" Jirani alikuwa akisema. "Nifuliwe nguo na mtoto niliyemfulia nepi? Thubutu."

Wiki mbili kabla ya malori, mvua ilinyesha siku nne na ardhi ikatetemeka mara tatu. Ijumaa Mama Vioo alipanda. Ufa wenyewe, ule mkubwa, alikuta vioo vyake vizima vyote kumi na vinne. Alishangaa. Akateremka kidogo chini ya kioo cha tisa kuangalia mtaro wa maji, na hapo akasimama. Ardhi ilikuwa imepasuka mahali papya. Mpasuko wa kwanza uliingia mkono. Hatua sitini mbele, wa pili. Mbele tena, wa tatu. Mitatu yote ilitoka kwenye Ufa mkubwa ikishuka kuelekea jabalini, kama mkate unavyokatwa vipande.

Aliketi kwenye jiwe, akafungua daftari, akaandika kama alivyofundishwa: *Nyufa zimefunguka chini ya kioo cha tisa. Zinashuka kuelekea Mtaa wa Chini.* Chini yake akachora mistari mitatu. Aliteremka mbio kwa umri ule, akampa Karani wa kituo, mzee mwenzake, naye akapeleka taarifa kwa Jopo, wale wataalamu waliosimamia mpango kule mji mkuu, siku hiyo hiyo. Mama Vioo alirudi chumbani kwake kituoni akijua kwamba sasa malori yataletwa hata kesho.

Jibu lilikuja Jumatano. Mtaalamu alimwita ofisini, akamvutia kiti, akafunga mlango. Mtu akikufungia mlango ujue hakuiti kunywa chai.

"Mama, wamefurahi sana," alisema.

"Wamefurahi nini?"

"Neno lako. Nyufa. Kama ni ufa mmoja, upande wote unateleza pamoja, linakuja lile wimbi kubwa. Lakini kama ni nyufa, maana yake mlima unajikata wenyewe. Utaanguka vipandevipande. Wimbi halitavuka bahari. Wale wa ng'ambo wamepumua. Miaka yote hii walikuwa wanasubiri mtu awaambie hivyo."

"Basi vizuri. Na malori?"

Mtaalamu akaanza kupanga karatasi ambazo zilikuwa zimeshapangika. "Mpango wote ulikuwa wa wimbi, Mama. Wimbi likiondoka, na mpango unaondoka. Wameahirisha."

"Mpaka lini?"

"Hawakuandika lini."

Mama Vioo alitazama ramani ukutani. "Hicho kipande kimoja, mwanangu, ukubwa wake ungekuwaje?"

"Si kikubwa. Kama viwanja viwili vya mpira hivi. Vitatu."

"Na Mtaa wa Chini una ukubwa gani?"

Kijana alifungua mtoto wa meza. Alikuwa mwema, na wema wake haukuwa na pa kwenda. Alikuwa ameshaandika barua mbili kupinga, akamwonyesha nakala. Jopo lilimjibu kwamba hatari ya mahali itashughulikiwa na mamlaka ya mahali, na mamlaka ya mahali ilikuwa mwenyekiti wa mtaa na filimbi yake.

Mama Vioo alishuka kwa binti yake siku hiyo hiyo. Alimkuta ameegemeza mlango begani, anaurudisha kwenye bawaba. Alikuwa ameshaung'oa kwa ajili ya kuhama.

"Ushike huko, Mama, kabla haujaniangukia. Au mpaka uandike kwanza?"

"Usiurudishe, mwanangu. Toka tu. Nenda hata ukae kwangu kituoni."

"Chumba kimoja, na mabeseni yangu, na mistari ya kuanikia, na mtoto? Wateja wapande mlima kufuata soksi?" Alipiga bawaba kwa nyundo. "Na mume wangu akirudi atanikuta wapi? Mama, umetutisha na huo mlima tangu nikiwa tumboni. Wimbi linakuja, wimbi linakuja. Leo redio imesema wimbi haliji, na wewe ndiye uliyewaambia. Mtaa mzima unakushukuru. Jirani anataka akupikie."

"Wimbi haliji ng'ambo. Kipande kitakuja hapa."

"Basi waandikie hivyo. Si ndiyo kazi yako? Kuandika?" Sasa alikuwa amegeuka, na macho yake hayakuwa ya mzaha. "Siku niliyojifungua huyu mtoto ilikuwa Ijumaa. Nilikuita. Uliniletea salamu kwamba kioo cha nne kimekatika. Jirani ndiye aliyenishika mkono. Sikulaumu, nimekwisha zoea. Ila usije leo ukajifanya umeshuka kwa ajili yangu. Umeshuka kwa ajili ya daftari."

Mjukuu, aliyekuwa amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akasema, "Mke mwenzangu, mbona unalia?" kwa sababu bibi na mjukuu walitaniana hivyo. Mama Vioo akamwambia ni vumbi la saruji.

Siku tatu alizunguka kama kuku aliyekatwa kichwa. Alikwenda kwa mwenyekiti wa mtaa, akaambiwa asiwatie watu wasiwasi baada ya habari njema. Alimwomba Karani apige simu kwa Jopo, simu ikaita mpaka ikachoka. Jumapili mchana, kituo kikiwa kitupu, alijikuta mbele ya kabati la daftari na wembe mkononi.

Wazo lenyewe lilikuwa dogo. Herufi mbili. Ukiondoa *ny* kwenye *nyufa*, unabaki na *ufa*. Ukibaki na ufa, unabaki na wimbi. Ukibaki na wimbi, wale wa ng'ambo watatetemeka tena, na malori yatakuja.

Alifungua ukurasa. Miaka thelathini na mmoja hakuwahi kufuta hata nukta, akikosea alipiga mstari mmoja na kuandika upya pembeni ili kosa lionekane. Sasa akainama akakwangua, taratibu, kama mtu anayemnyoa mtoto. Karatasi ikatoa unyoya. Akapuliza. Akakwangua na ile mistari mitatu, akachora mmoja mnene. Pale penye *Ny* akatia *U* kubwa juu ya *u* ndogo, akaibana vizuri. Moyo wake wote ulikuwa kwenye zile herufi mbili. Zilipotoka alifunga daftari haraka kama aliyeona maiti. Halafu akaandika barua: alikosea kutazama, mvua ilimdanganya, ni Ufa ule ule mkubwa umetanuka. Jumatatu Karani aliupiga ukurasa picha, akaituma pamoja na barua. Hakuuliza kitu, ila aliutazama ukurasa kwa muda.

Alhamisi Karani alikuja mwenyewe mpaka mlangoni kwake, kofia mkononi.

"Dada," alisema, "wamejibu."

"Malori?"

"Wameuliza swali moja tu." Aliivaa miwani, akasoma polepole. "Wanauliza, ufa mmoja unawezaje kuwa *zimefunguka*?"

Mama Vioo hakuelewa. Kisha akaelewa, na akashika fremu ya mlango. Aliiona sentensi yake kama ilivyobaki kwenye ukurasa: *Ufa zimefunguka chini ya kioo cha tisa. Zinashuka kuelekea Mtaa wa Chini.* Alikuwa ameondoa jina na kuviacha vitendo vyake vimesimama, vinaitika wito wa kitu kisichokuwepo. Yeye. Aliyemfundisha msomi kusema umepanuka.

"Ungeniambia Jumatatu," alisema.

"Nilidhani wao hawatajua. Siku hizi nani anajua?" Karani alikunja karatasi. "Kuna mmoja huko alikuwa mwalimu."

Barua ilikuwa na mengine. Wameona pia karatasi imekwanguliwa. Kwa hiyo daftari lote la miaka thelathini na mmoja limewekwa kando, haliwezi kutumika kuthibitisha lolote, na mtunzaji wake arudishe funguo na ahame chumba cha kituo kabla ya mwisho wa juma. Hapo ndipo alipouona ukubwa wa alichokifanya. Kabla ya wembe kulikuwa na neno la kweli lililosomwa vibaya. Sasa hapakuwa na ufa wala nyufa, palikuwa na kikongwe anayekwangua karatasi. Mtaalamu alipoandika tena kuwaombea watu wa Mtaa wa Chini, Jopo lilimuuliza vipimo vyake amevitoa kwenye daftari gani.

"Umenimaliza, Mama," alimwambia. Hakusema kwa hasira. Afadhali angekasirika.

Jumamosi Mama Vioo aliteremka na godoro kichwani, kikapu mkononi, na vipande vyote vya kioo vilivyobaki. Watoto walimfuata nyuma. "Mama Vioo kaachwa na mlima," mwanamume mmoja alisema kutoka barazani, na wenzake wakacheka, naye Mama Vioo akamwambia acheke vizuri maana meno yenyewe yamebaki matatu.

Binti yake alikuwa anapiga pasi. "Umekuja kukaa siku ngapi?"

"Mpaka mhame. Au mpaka kianguke."

"Na kazi?"

"Wamenifukuza." Aliweka godoro chini. Hakuwa amepanga kusema, lakini uongo mmoja ulikuwa umemtosha maisha yote. "Nilikwangua daftari. Niliandika ufa badala ya nyufa, ili malori yaje. Nikasahau vitendo. Wakanishika."

Pasi ikasimama hewani. "Wewe?"

"Mimi."

"Ulikwangua daftari. Wewe, Mama." Binti alisema kama anayejaribu kiatu kisichomwenea. "Daftari lile lile."

"Kwa wembe."

Binti aliiweka pasi kwenye kigae chake. Alikaa juu ya furushi la mashuka ya nyumba ya wageni, akamtazama mama yake muda mrefu, kama anamwona ametoka safari ya mbali. "Basi kipande kipo kweli," alisema mwishowe, kwa sauti ndogo. "Kama umefanya hivyo, basi kipo."

Nyuma ya nyumba, nje ya mistari ya kuanikia nguo, jabali lilianza. Palikuwa na ufa mwembamba kama unywele umeshuka kwenye mwamba, mpya, haujaota hata ukungu. Mama Vioo alibandika vioo vitatu. Kila asubuhi mjukuu alitumwa kuvitazama kabla ya shule, naye aliifanya kazi hiyo kwa heshima kubwa, mikono nyuma kama mkaguzi. Binti alizunguka kuomba chumba Uwandani, akaambiwa nyumba zimefungwa hadi Jopo liamue. Akaomba banda la soko la kule, lisilotumika. Hilo alipewa, la kuwekea nguo tu, wakamwonya asilale mtu humo.

Siku ya tisa, Jumatatu, mtoto alirudi kutoka nyuma hana mbio.

"Mke mwenzangu, kioo kimevunjika."

"Kipi?"

"Vyote."

Mama Vioo alikwenda kutazama. Vipande vilikuwa vimeachana upana wa kidole. Hakuhitaji utepe. Aligeuka kumwambia binti yake, akakuta binti yake ameshaona usoni mwake.

Sasa walifanya nini? Mwenyekiti alipoonyeshwa vioo alipuliza filimbi, akaambiwa na watu aache ulevi wa asubuhi. Mama Vioo aligonga milango mitano, akafukuzwa mitano, neno lake lilikuwa limekufa pamoja na daftari. Hapo ndipo dobi alipofanya jambo lililokuja kuzungumzwa miaka mingi. Aliazima mikokoteni miwili. Akapakia nguo zote za watu: sare za walinzi wa bandari, suti ya mwalimu mkuu, mashuka ya wageni, suruali za kazi za mafundi, gauni la arusi la mtu, safi na chafu, kavu na mbichi, hakubakiza leso. Akampandisha mwanawe juu ya furushi. Akasimama katikati ya mtaa, akasema kwa sauti yake ile:

"Nguo zenu zinakwenda Uwandani. Anayetaka suruali yake aifuate."

Walidhani utani. Mkokoteni ulipopinda kona ya juu wakaona si utani. Mwalimu mkuu alikuwa wa kwanza kumfuata, na fulana. "Wewe mwanamke, nina kikao saa nne." "Kikao chako kimo kwenye mkokoteni, Mwalimu, sukuma." Walinzi wakafuata wakitukana, na mafundi, na wake zao kuja kushuhudia ugomvi, na watoto kwa sababu watoto hawaachwi nyuma na ugomvi. Kabla ya adhuhuri barabara ya Uwandani ilikuwa na msururu wa watu wenye hasira ambao haukuwahi kuonekana.

Jirani alikuwa kwenye ua wake, mikono ndani ya povu. Dobi alikuwa ameanza kwake kabla ya wote, akapiga magoti.

"Mama mlezi, twende. Nakuomba."

"Mimi nguo zangu huna, huna cha kuniibia." Jirani alicheka, akampapasa shavu kwa mkono wa maji. "Tangulia, mwanangu. Nikimaliza kuanika nakuja."

Mama Vioo alimvuta mkono pia. Jirani alimwambia kwa upole, bila kumkusudia ubaya, "Wewe nenda na mtoto wako leo. Mimi nimekaa naye siku zako zote."

Kipande kilianguka saa tisa alasiri, watu wakiwa bado wanagombania nguo zao bandani. Kutoka Uwandani walisikia kwanza mbwa, halafu mngurumo uliokuja kupitia nyayo za miguu, halafu vumbi likapanda nyuma ya mlima kama mkono. Nusu ya Mtaa wa Chini ilikwenda baharini. Bahari ikarudisha wimbi, likapanda gati, likafika hadi dirisha la pili la ofisi ya forodha, likarudi, likaja tena dogo, likaisha. Meli iliyokuwa inapita mbali iliinua pua kidogo ikaendelea na safari. Jioni redio ilisema kwamba pwani ya nchi ya karibu maji yalipanda kiasi cha shubiri moja. Jopo liliridhika kwamba makadirio yalikuwa sahihi.

Watu kumi na mmoja hawakuonekana. Wote walikuwa wa wale waliofua nguo zao wenyewe. Katika ua wa Jirani, pale ukuta ulipobaki, kamba ilikuwa bado imefungwa upande mmoja. Alikuwa ameanika mpaka kanga ya mwisho.

Dobi hakulia mbele za watu. Aligawa nguo bandani, kila mmoja kwa jina lake, na watu walizipokea bila kumtazama usoni, kana kwamba wamefumaniwa. Siku ya pili wengine walianza kurudi kwenye ile nusu ya mtaa iliyobaki, kutafuta milango yao na mabati. Redio imesema wimbi halikuwa kubwa, walisema. Kilichokuwa kianguke kimeshaanguka.

Ijumaa Mama Vioo alinunua daftari la shule la kurasa arobaini na nane, akachukua kikapu. Hakuwa na funguo wala ruhusa. Alipofika mwanzo wa njia alisikia hatua nyuma yake. Binti yake alimnyang'anya mfuko wa saruji, akautia kichwani. Hakuwahi kupanda kule hata siku moja. Walikwenda mpaka chini ya kioo cha tisa, mahali mlima ulipokuwa umeng'oka kama jino na upepo wa bahari unapanda moja kwa moja.

Walibandika vioo pamoja. Kisha Mama Vioo aliketi kwenye jiwe lake, akaandika. Mkono ulikuwa mzito, akampa binti yake asome kama kuna kosa.

Binti alisoma kwa sauti. "Kipande kimoja kimeanguka. Nyufa mbili zimebaki." Alisoma tena, kidole kikipita chini ya kila neno. "Zimebaki," alisema. "Ni sawa."

"Ni sawa," Mama Vioo alisema.

Chini yao, kwenye ile nusu ya mtaa, moshi wa jiko la kwanza ulikuwa unapanda, halafu wa pili. Binti alifunga daftari, akaanza kuhesabu kwa vidole ni nyumba zipi, na ni nani kati yao ambaye nguo zake bado zimo bandani.